Maswali ya Wasomaji: Video Inayogandaganda Wakati wa Kuhariri

SWALI: Ndugu Mwandishi, assalaam aleikum. Mimi ni mpiga video za harusi hapa Ujiji. Kamera yangu hurekodi MP4 ya 1080, na kijana anayenisaidia huchukua picha za ziada kwa simu yake. Kompyuta yangu ni mpakato iliyokwisha kutumika, Core i5 ya kizazi cha nne, yenye RAM ya gigabaiti 8. Nikiweka kazi ya saa tatu kwenye programu ya kuhariria, picha inagandaganda, sauti inatangulia, na nikirudi nyuma kidogo kutafuta mahali pa kukata nasubiri mpaka nasahau nilichokuwa nakitafuta. Mwenzangu mmoja alinishauri nigeuze kila kitu kiwe AVI isiyobanwa. Diski ya gigabaiti 500 ikajaa kabla hata bibi harusi hajatoka kwao. Mwingine akaniambia nizipunguze video zote ziwe 720 ndipo nihariri. Kazi ilikwenda vizuri, lakini mteja alipoitazama kwenye televisheni yake akalalamika kwamba sura za watu zimefifia. Je, ni fomati gani itakayokwenda bila kukwama na bila kupoteza ubora?
Mpiga video, Ujiji

JIBU: Wa aleikum salaam, ndugu yangu. Nianze kwa kukwambia kwamba fomati moja unayoitafuta, ile itakayofaa tangu kamera inawashwa mpaka mteja anapokabidhiwa kazi, haipo. Ipo fomati ya kurekodia, ipo ya kuhariria, na ipo ya kukabidhi, na kila moja iliundwa kwa shida tofauti. Kati ya washauri wako wawili, yule wa pili alikaribia sana ukweli. Alisahau hatua moja tu, nami nitaifikia.

Kwanza tuelewane juu ya jina. MP4 ni kama gunia. Gunia lililoshonwa mdomo pale Kibirizi halikuambii kama ndani mna dagaa au mahindi mpaka ulifungue, na ndivyo ilivyo kwa MP4, MOV, MKV na AVI: ni vifungashio vinavyobeba picha na sauti pamoja. Kinachoamua kama kompyuta yako itahema ni kodeki, yaani namna picha zenyewe zilivyobanwa ndani ya gunia hilo. Faili la kamera yako huenda ni H.264, kodeki iliyotolewa mwaka 2003, na faili la simu ya kijana wako huenda ni H.265, iliyotolewa mwaka 2013, ingawa yote mawili yanaishia na herufi zilezile au zinazokaribiana. Ukitaka uhakika, lifungue faili kwa VLC, programu ya kuchezea video, kisha uangalie taarifa za kodeki, au tumia programu ya bure ya MediaInfo, ambayo itakusomea kodeki, idadi ya fremu (picha mojamoja zinazounda video) kwa sekunde, na kiasi cha biti kwa sekunde. Fanya hivyo kabla ya kugeuza faili lolote.

Sasa, kwa nini inakwama? Kodeki hizi mbili hubana picha kwa ujanja wa mwenye duka anayeandika daftari la mikopo kwa mkato. Ukurasa wa kwanza ameorodhesha kila deni; ukurasa wa pili ameandika tu, "kama jana, ila fulani kaongeza sukari kilo moja"; wa tatu vivyo hivyo, na wa nne. Daftari linakuwa jembamba sana, lakini ukitaka kujua deni lote la ukurasa wa kumi na mbili ni lazima urudi mpaka ukurasa wa kwanza na kuhesabu kurasa zote zilizo kati. Katika video, ukurasa kamili ni fremu kamili, na nyingine hubeba mabadiliko peke yake. Katika kamera nyingi fremu kamili huja baada ya fremu kumi na mbili au kumi na tano hivi, na katika simu mara nyingi huja mara moja tu kwa sekunde. Zaidi ya hapo, baadhi ya fremu huelezwa kwa kutazama iliyotangulia na pia inayofuata, kwa hiyo kompyuta hulazimika kufungua kitu cha mbele kabla ya kukuonyesha cha sasa.

Mtazamaji wa kawaida hasumbuliwi na jambo hilo, kwa kuwa anatazama kutoka mwanzo kwenda mwisho. Mhariri anaruka, anarudi nyuma, anasimama katikati ya tendo, anaweka tabaka mbili za picha juu ya sauti ya kaswida, na kila anapogusa kitu kompyuta huanza tena kuhesabu daftari. Ndiyo maana kurudi nyuma ndiko kunakokutesa zaidi.

Kwenye kompyuta yako lipo tatizo jingine. Prosesa za kizazi cha nne zina kitengo cha ndani kinachosaidia kufungua H.264, lakini hazina kitengo kamili cha kufungua H.265, kwa Intel kitengo hicho kilianza kizazi cha sita kwa picha za biti 8 (zenye ngazi 256 kwa kila rangi ya msingi), na kizazi cha saba kwa picha za biti 10 (zenye ngazi 1,024). Kwa hiyo vipande vya simu, ambavyo ni vifupi na pengine ndivyo usivyovishuku, vinaweza kuwa ndivyo vinavyoikaba mashine kuliko saa zote za kamera. Mwambie kijana wako aingie kwenye mipangilio ya kamera ya simu na achague H.264. Kama ni iPhone, sehemu hiyo ipo tangu mfumo wa iOS 11 wa mwaka 2017, chini ya fomati za kamera, na chaguo linalotakiwa ni lile la kuendana na vifaa vingi. Simu nyingi za Android nazo zina kitufe cha kuzima H.265. Mafaili yatakuwa makubwa kidogo, nawe utapumua.

AVI isiyobanwa ilishindwa kwa hesabu tu. Picha ya 1080 ina nukta 1,920 kwa 1,080. Ikihifadhiwa bila kubanwa kwa baiti mbili kwa kila nukta, na kwa fremu 25 kwa sekunde, inahitaji megabaiti 104 hivi kila sekunde, yaani zaidi ya gigabaiti 370 kwa saa moja. Diski yako isingefika hata saa moja na nusu. Tena, hata kama ungenunua diski kubwa zaidi, video bado ingekwama, kwa sababu diski ya kawaida inayozunguka husoma takriban kiasi hichohicho kwa sekunde ikiwa katika hali nzuri. Ungekuwa umeuhamisha mzigo kutoka kwa prosesa na kuutwisha diski.

Katikati ya hayo mawili ndipo zilipo kodeki zilizotengenezwa kwa ajili ya kuhariria. Zinazojulikana zaidi ni ProRes ya Apple, iliyotoka mwaka 2007, na DNxHD ya Avid, iliyotoka mwaka 2004 na baadaye kufuatwa na DNxHR kwa picha kubwa kuliko 1080. Ipo pia CineForm. Zote hubana, lakini kila fremu hubanwa peke yake bila kutegemea jirani yake. Kila ukurasa wa daftari umeandikwa madeni yote. ProRes 422 ya 1080 kwa fremu 25 hutumia megabiti 122 hivi kwa sekunde. Ukigawa kwa nane upate baiti, ni megabaiti 15 na ushei, ambazo hata diski ya zamani inazimudu kwa tabaka mbili au tatu. Kwa saa moja inakuwa kama gigabaiti 55, ilhali kamera inayorekodi kwa megabiti 24 ingetumia 11 tu. Harusi yako ya saa tatu ingefika gigabaiti 165.

Kuhusu ubora, hapa watu wengi hujidanganya. Kugeuza H.264 kuwa ProRes hakuongezi chochote ambacho kamera haikukirekodi. Kunakuhakikishia tu kwamba hakipotei kitu cha kuonekana kwa macho wakati wa kugeuza, na kwamba ukirekebisha rangi na kutoa nakala ya kati, ile ya kabla ya faili la mwisho, hutaipondaponda picha zaidi. Kwa faili lililotoka kwenye kamera ya biti 8, ProRes 422 ya kawaida inatosha kabisa, na mtu anayekuuzia wazo la kupanda mpaka ngazi ya HQ au 4444 anakujazia diski bure.

Hata hivyo, mimi nisingekushauri ugeuze kazi yote. Diski ni ghali, na mpiga harusi mwenye kazi nne kwa mwezi hawezi kukaa na gigabaiti 165 kwa kila moja. Ushauri wangu ni proksi. Hizi ni nakala ndogo za kila kipande, zinazokaa pembeni ya mafaili ya asili kwa muda wa kuhariri tu. Programu hukuonyesha nakala ndogo ukiwa unakata na kupanga, kisha wakati wa kutoa kazi hurudi kwenye mafaili ya asili na kuchora kila fremu kutoka humo. Umeona sasa yule mshauri wako wa pili alichosahau? Alikwambia uhariri kwa picha ndogo, na hapo alikuwa sahihi, lakini hakukwambia urudi kwenye asili kabla ya kutoa. Mteja wako alitazama nakala za 720 zilizobanwa mara mbili.

Tengeneza proksi za nukta 960 kwa 540, ambayo ni nusu ya upana na nusu ya urefu wa picha yako, kwa ProRes Proxy au DNxHR LB. Kwa ukubwa huo utatumia takriban gigabaiti 5 kwa saa, kwa hiyo harusi nzima haitazidi gigabaiti 15 au 16. DaVinci Resolve ya bure, Kdenlive, Shotcut na Premiere Pro zote zina sehemu ya kutengeneza proksi, na kazi hiyo unaweza kuiacha usiku kompyuta ikiwa kwenye chaji. Usibadilishe majina ya mafaili, usiyahamishe folda katikati ya kazi, na usibadilishe idadi ya fremu kwa sekunde kati ya asili na proksi, kwa sababu mambo hayo matatu ndiyo yanayovunja uhusiano kati ya nakala na asili yake. Wakati wa kutoa, Premiere Pro na Kdenlive kwa kawaida hurudi zenyewe kwenye asili. Katika Resolve hakikisha kwamba alama ya kutumia proksi haijawekwa kwenye ukurasa wa kutolea. Mimi mwenyewe niliwahi kumkabidhi mtu kazi iliyotolewa kutoka kwenye proksi, nikagundua baada ya siku mbili nilipoiona kwenye skrini kubwa, na aibu ile imenifanya niwe nasimamisha video ya mwisho kwenye sura ya mtu mmoja na kuhesabu nywele za nyusi kabla ya kuinakili.

Usifute mafaili ya asili mpaka mteja ameridhika. Linaonekana jambo dogo, lakini mtu akiona proksi zinakwenda vizuri hushawishika kupata nafasi kwenye diski kwa kufuta yale makubwa, na hapo ndipo kazi inapokuwa imekwisha kuharibika bila yeye kujua.

Faili la kukabidhi liwe H.264 ndani ya MP4, pamoja na sauti ya AAC, kwa kuwa televisheni nyingi za majumbani huicheza hiyo bila ubishi, na nyingi hazitaijua ProRes kabisa. Kwa 1080, megabiti 15 hadi 20 kwa sekunde zinatosha kwa nakala ya kuweka kwenye flashi. Kama flashi imeandaliwa kwa FAT32, yaani mfumo wa zamani wa kupanga mafaili, haitapokea faili moja lenye gigabaiti 4 au zaidi. Iandae upya kwa exFAT ukishahakikisha kwamba televisheni ya mteja inaisoma, au igawe kazi katika sehemu. Kwa YouTube, kiwango wanachokipendekeza kwa 1080 ya fremu 24 hadi 30 ni megabiti 8, lakini wao huibana upya video yoyote unayowapelekea, kwa hiyo wapelekee iliyo bora zaidi ya hapo kama bando linaruhusu. Wale wanaotaka kutumiwa kwa WhatsApp watumie kama hati. Ikitumwa kama video, WhatsApp itaibana tena na malalamiko ya sura kufifia yatarudi kwako.

SWALI: Habari za kazi. Nipo Kasulu na ninarekodi kwaya na mahojiano kwa simu. Nikiweka faili kwenye kompyuta, dakika za mwanzo sauti na midomo vinakwenda pamoja, lakini kufika dakika ya ishirini mdomo umeshafungwa na maneno bado yanaendelea. Kwenye simu yenyewe video ni nzima. Nimesoma kuhusu proksi na nimezitengeneza, tatizo liko palepale.
Msomaji wa Kasulu

JIBU: Hapa proksi hazitakusaidia, na hili ndilo tukio ambalo kugeuza faili zima ni lazima. Simu nyingi hazirekodi kwa mwendo usiobadilika. Unaambiwa ni fremu 30 kwa sekunde, lakini mwanga ukipungua kanisani, au simu ikipata moto, inashuka hadi 28 au 24 kisha inapanda tena, na kila fremu inaandikiwa saa yake. Kichezeo cha simu husoma saa hizo na kwenda nazo. Programu nyingi za kuhariria zimejengwa juu ya dhana kwamba umbali kati ya fremu na fremu ni uleule siku zote. Zikipewa faili la namna hii hukadiria, na kosa dogo la kila sekunde linajikusanya mpaka dakika ya ishirini linapoonekana. Proksi iliyotengenezwa kutoka kwenye faili hilo hurithi kosa hilohilo.

Lipitishe faili kwenye HandBrake, ambayo ni ya bure, na kwenye sehemu ya video uchague mwendo thabiti wa fremu badala ya ule unaobadilika. Kipimo chake cha ubora huitwa RF, na namba ikishuka ubora hupanda; chaguo lake la kawaida ni 22, lakini kwa faili utakaloendelea kulihariri weka 16 au 17. Ukiwa na nafasi kwenye diski, Shutter Encoder, nayo ya bure, itakutolea ProRes au DNxHR moja kwa moja, na hapo utakuwa umemaliza tatizo la sauti na la kukwama kwa safari moja. Sauti iache kwenye kilohezi 48.

Kama unachanganya simu na kamera, amua mapema juu ya fremu 25 au 30. Umeme wetu ni wa hezi 50, na taa nyingi za mirija huwaka na kufifia mara 100 kwa sekunde. Ukirekodi kwa fremu 25 na shata (muda ambao kila fremu hupokea mwanga) ya sekunde 1/50, mwanga unatulia, ilhali fremu 30 na shata ya 1/60 mara nyingi huonyesha taa zikipepesa. Baadhi ya simu zina chaguo la 25 lililofichwa kwenye mipangilio kwa jina la PAL. Isipokuwapo, ujue kwamba kuiweka video ya 30 kwenye kazi ya 25 ni kutupa fremu moja katika kila sita, na mtu akitembea kando ya madhabahu utaona mruko mdogo. Kwa mahojiano ya mtu aliyeketi hakuna atakayeuona.

SWALI: Nilirekodi machweo ya ziwa nikiwa Katonga. Anga imetoka na mistari kama ngazi, na maji yamekuwa vipandevipande. Nikigeuza kuwa ProRes mistari itaondoka?
Msomaji wa Kigoma

JIBU: Haitaondoka, kwa sababu imo ndani ya faili la asili. Kamera ya biti 8 ina ngazi 256 tu kwa kila rangi ya msingi. Jua linapotua nyuma ya milima ya Kongo, anga yote huteremka polepole kutoka njano hadi zambarau, upana wote wa picha ukitumia ngazi chache mno kati ya hizo, na kodeki nayo, ikiona eneo pana lisilo na alama, hulinyima biti na kulilainisha. Biti 10 zina ngazi 1,024, kwa hiyo kama kamera au simu yako ina chaguo hilo, litumie kwa machweo hata kama hulitumii kwingine.

Maji yanateswa na jambo la kinyume. Katika lile daftari la mikopo nililolitaja juu, ziwa lenye mawimbi madogo ni siku ambayo kila mteja amebadilisha deni lake. Hakuna cha kuandika "kama jana", na biti zilizopangwa hazitoshi. Majani ya michikichi kwenye upepo husumbua vivyo hivyo. Dawa iko kwenye kamera: chagua kiwango cha juu kabisa cha biti kwa sekunde kinachopatikana, hata kama kadi itajaa mapema, na weka kamera juu ya stendi ili maji yawe kitu pekee kinachosogea.

Kwa faili ulilo nalo sasa, ProRes 422 itakufaa kwa jambo moja tu: ni ya biti 10, kwa hiyo ukirekebisha rangi kisha ukatoa nakala ya kati, hutaziongezea ngazi zile madaraja mapya. Baada ya kumaliza rangi, ongeza chembechembe kidogo sana juu ya anga. Macho huona chembechembe na kuacha kuona mipaka ya ngazi. Ziongeze mwishoni kabisa, na faili la mwisho ulipe megabiti za kutosha, kwa sababu H.264 ikipewa biti chache itazifuta chembe hizo kwanza na mistari yako itarudi.